Waziri Anakuja Hail

Hail, Maskati
4 Septemba 2025

Dada yangu Hamdiya,

Assalamu alaikum. Natumai barua hii itakukuta mzima, na goti limepoa. Sisi huku hatujambo. Wifi yako Jawaher anakusalimia, anasema ile achari ya embe uliyotuletea imekwisha na lawama zote ni zangu. Joto limeanza kupungua, au sisi tumeanza kuzoea, sina hakika. Mwanangu Sami bado yuko Bandari ya Sultan Qaboos, anapokea watalii wa meli kubwa na kuwaonesha soko la Mutrah liko wapi, nalo liko mbele ya macho yao. Mkewe Ghadeer ni mjamzito tena. Mtoto wao Atheer anazidi ubishi.

Najua utauliza kwa nini naandika na simu ipo. Kwenye simu unaniuliza masuali mfululizo na mimi hujikuta nimeshajibu.

Jambo lenyewe ni dogo. Unamkumbuka mwalimu wangu wa urubani, yule Mhindi, Kapteni Salvekar, aliyekuja kwa mkataba kufundisha kambini kwetu mwaka 1984? Alirudi kwao, akapanda cheo katika jeshi lao la anga, akastaafu, akaingia kwenye siasa. Sasa ni waziri wa uvuvi katika serikali ya jimbo lao. Mtu wa mawinguni wamempa samaki. Disemba anakuja Maskati kuzungumzia hao samaki, na katibu wake amempigia simu Sami kusema kuwa mheshimiwa angependa kuja nyumbani kwetu Hail, aonane na mwanafunzi wake wa zamani ambaye yeye, mwalimu, alimwokoa roho. Watakuja na mpiga picha, maana uchaguzi wao uko karibu. Mimi natakiwa niseme maneno mawili matatu ya shukurani.

Kisa hicho waziri anakihadithia kwenye mikutano yake ya kampeni, na video inazunguka. Injini inawaka moto, moshi umejaa, mwanafunzi wa Kiarabu amekakamaa kwa khofu, analia na kumwita mama yake. Mwalimu anashika usukani na kuishusha ndege kwa mkono mmoja. Mkono wa pili amenikumbatia. Sami ameitazama na mwanawe, na sasa Atheer ananiita Babu Mwita Mama.

Nimewaambia nitafikiri.

Nduguyo,
Marhoon


Kikwajuni, Unguja
27 Septemba 2025

Ndugu yangu Marhoon,

Wa alaikum salaam. Barua yako nimeletewa na Mutasim, msafiri wetu yule, pamoja na halwa. Barua peke yake ndiyo ilikuwa haijaguswa. Goti halijapoa na halina nia hiyo. Mwanangu Yazid amepata kazi hotelini, anavaa tai hata siku ya mapumziko. Mwambie wifi yangu Jawaher achari nyingine iko juani, na safari hii ataificha yeye mwenyewe.

Yazid kanionesha hiyo video. Nimeitazama, nikamwambia aianze tena. Hebu nikuulize, ulimwita mama kwa Kiswahili au kwa Kiarabu? Maana mimi nimekulea, nilikuwapo ulipoanguka na kuvunjika mkono kule Mutrah, na sikukusikia ukimwita mtu.

Nakutania, Marhoon, lakini sicheki. Mwaka ule nilikuwa bado naishi nanyi Maskati, kabla sijaolewa na kurudi Unguja. Nakumbuka siku uliyokuja nyumbani kutoka kambini na kusema hutoruka tena, umehamishiwa ghalani kwenye matairi na vipuri. Ulikuwa na miaka ishirini na moja, na tangu utotoni hukutaka kitu kingine ila kuruka. Tukaambiwa ulishikwa na khofu angani. Baba akaacha kukutaja mbele za watu. Akiulizwa, "Mwanao rubani hajambo?" yeye akijibu bei ya mchele. Amekufa hivyo. Na wewe hukusema neno, ukakaa ghalani humo mpaka ulipostaafu.

Leo mtu anakuja kwako na kamera umshukuru kwa hayo. Mimi ni dada yako, niambie. Kulitokea nini huko juu?

Na usinijibu kwa achari.

Hamdiya


Hail, Maskati
19 Oktoba 2025

Dada yangu Hamdiya,

Assalamu alaikum. Tumefurahi kwa khabari ya Yazid na tai yake. Ghadeer anatapika asubuhi, jambo ambalo madaktari wanasema ni zuri.

Matayarisho ya mgeni yanaendelea. Katibu wa waziri amepiga tena, ameuliza ukuta wa majlisi yetu una rangi gani. Sami akamwambia ni rangi ya maziwa. Katibu akasema itafaa. Tangu siku hiyo Jawaher amegundua kuwa mapazia yetu ni mabovu, ameagiza mapya, ya kijani. Nimeuliza mapazia ya zamani yamekosa nini. Nikapewa ngazi niyatungue.

Nyumba ya pili kwetu wamepaka rangi pia, ingawa waziri haji kwao.

Kuhusu suali lako, siku ile hali ya hewa ilikuwa nzuri na upepo ulikuwa mdogo.

Nduguyo,
Marhoon


Kikwajuni, Unguja
3 Novemba 2025

Marhoon,

Nimeipokea barua ya mapazia.

Hatujambo. Mvua imeanza. Sasa nisikilize. Umeniambia upepo, nami nitakwambia futari. Mkasa wako ulikuwa Ramadhani, katikati ya joto la Juni, na mimi ndiye niliyekuwa nikiwatilia uji ukija nyumbani. Baba alikuwa akinywa maji mpaka anatweta. Mdogo wetu marehemu Muhanna alikuwa akimeza tende na kokwa. Wewe ulikaa pale ukachagua sambusa, hii imeungua, hii haina nyama. Mtu aliyefunga Juni ya Maskati hachagui sambusa.

Nilijua tangu siku ile na sikukwambia, maana nilidhani ni ujinga wa ujana na utapita. Sasa nakuuliza waziwazi. Ulikuwa kobe? Ulikuwa ukila mchana wa Ramadhani? Na hilo lina uhusiano gani na huyo Mhindi wako?

Kama hutonijibu nitakata tiketi, goti na yote.

Hamdiya


Hail, Maskati
21 Novemba 2025

Dada yangu Hamdiya,

Wa alaikum salaam. Jawaher hajambo. Atheer kang'oka jino. Mapazia yamefika, hayaendi na makochi. Khabari za nyumbani zimekwisha.

Ndio. Nilikuwa kobe.

Ilikuwa amri. Mkubwa wa kambi alitukusanya mwanzo wa mwezi, yuko na shekhe, akasema siku ya kuruka lazima rubani ale na anywe, na siku hizo atazilipa baadaye. Shekhe akatoa ruhusa. Nami nimeshazilipa zote. Wenzangu wa Nizwa na Ibri, wenyeji wa Oman tangu asili, walikula bila wasiwasi. Kwao hakuna aliyekuwa akiwapima dini. Lakini sisi unatujua tulivyokuwa. Ndio kwanza tumetoka Zanzibar, Kiarabu chetu kinachekwa sokoni, na watu wanasema Wazanzibari hawa dini yao nyepesi. Baba akawa wa kwanza kuingia msikitini na wa mwisho kutoka, ili wamwone. Ningemweleza vipi Baba habari ya ruhusa ya shekhe? Angesikia neno moja tu, kwamba mwanawe amekula.

Mbele ya mwalimu vilevile hatukula, hakuna kati yetu aliyekula. Tuliona haya kwa sababu si Muislamu. Tulikuwa tukienda nyuma ya ghala. Naye Salvekar, hapana aliyemwambia kitu. Aliona vijana wake hawagusi hata maji katika joto lile, akafahamu kuwa wamefunga, akaona si adabu yeye kunywa mbele yao. Kwa hiyo akafunga. Hakumwambia mtu. Sisi tukijificha kula asituone, naye akijificha njaa tusimwone. Ndani ya ndege ile alikuwamo mtu mmoja tu aliyefunga Ramadhani, na mtu huyo alikuwa Mhindu.

Tulipokuwa juu, adhuhuri imepita, alikuwa akinieleza jambo akanyamaza katikati. Nikadhani amekasirika. Nilipogeuka nikaona amezimia. Moto haukuwapo wala moshi, injini ilikuwa na afya kutushinda sote. Nikaishusha ndege.

Chini alizinduka daktari amemshika, akaninong'oneza sikioni kuwa alikuwa amefunga kama sisi, kisha wakubwa wakamzunguka. Kabla sijafungua mdomo akasema, mwanafunzi amekakamaa kwa khofu, nimeshika mimi, na nimechoka. Angesema amezimia kwa njaa wangemrudisha kwao, na mkataba wake ulikuwa mpya. Akanitazama. Nikafikiri haraka kupita nilivyofikiri angani. Nikimkanusha nitaulizwa, kwa nini yeye kazimia na wewe hukuzimia? Na jibu ni kuwa Mhindu kafunga na mtoto wetu kala. Khabari hiyo ingemfikia Baba msikitini kabla ya futari, na tungeibeba sisi na wajukuu zetu. Nikanyamaza.

Baadaye alinijia bwenini, akanishika mikono, akasema atayarekebisha wiki ijayo mambo yakipoa. Kabla ya Idi akahamishwa kambi. Wiki ile bado naingoja.

Niliona bora Baba awe na mwana mwoga kuliko mwana kobe. Sijui kama nilichagua vizuri. Ikipita ndege mpaka leo nanyanyua kichwa, kisha najidai naangalia mawingu. Hapa Hail zinapita nyingi, dada. Inaniuma kila moja.

Anakuja tarehe kumi. Nikimshukuru mbele ya kamera, Atheer atanijua hivyo mpaka siku ya kunizika. Nikisema kweli, nitamwaibisha mzee mwenzangu nyumbani kwangu, kahawa yangu iko mkononi mwake. Barua yako haitowahi kunifikia, kwa hiyo usijisumbue kuniamulia.

Marhoon


Kikwajuni, Unguja
5 Disemba 2025

Marhoon,

Nimejisumbua.

Nimeisoma barua yako jikoni, nikalia. Yazid akaniuliza, nikamwambia ni vitunguu, na hapakuwa na kitunguu hata kimoja. Nakuonea uchungu, na hapohapo nataka kukupiga kofi. Baba alikuwa mkali, lakini hakuwa mjinga. Angenuna mpaka Idi, angekwenda kumuuliza shekhe mwenyewe, shekhe angemwambia ndio nimeruhusu, na yangekwisha. Wewe hukumpa nafasi ya kununa. Ukampa aibu akaishi nayo.

Basi. Baba hayupo, mkubwa wa nyumba hii aliyebaki ni mimi, na mimi nasema aliyekula kwa amri ya mkubwa wake na ruhusa ya shekhe si kobe. Sema. Mbele ya kamera, mbele ya samaki, mbele ya yeyote. Akiaibika ataaibika, tumekula nini chake hata tumtunzie siri kama mtoto wetu?

Natafuta wa kumpa barua hii. Mutasim haendi mpaka wiki ijayo. Mungu akuongoze.

Dada yako,
Hamdiya


Hail, Maskati
17 Disemba 2025

Dada yangu Hamdiya,

Assalamu alaikum. Barua yako imefika leo, mgeni ameshaondoka wiki nzima. Jawaher amefurahi kwa achari na ameificha. Nimeshaiona ilipo.

Alikuja baada ya Alasiri. Alikuwa ametoka kupigwa picha mbele ya kasri kule Maskati ya zamani, na mbele ya jodari pale soko la samaki. Amenenepa, nywele amezitia rangi. Alivua viatu kabla ya kuambiwa, akapokea kahawa kwa mkono wa kulia, alipotosheka akakitikisa kikombe kama mtu wa hapa. Katibu wake hakujua kutikisa, Ghadeer akaendelea kumtilia mpaka macho yakamtoka.

Alinikumbatia muda mrefu. Nilikuwa nimejitayarisha kwa mengi, lakini sikujua kuwa nitafurahi kumwona.

Kamera ikawashwa. Waziri akahadithia moto, moshi, kilio, mkono mmoja. Atheer kakaa chini mbele yake, mdomo wazi. Kisha kamera ikageuzwa kwangu. Nilikuwa na maneno ya shukurani, Jawaher alinisikiliza asubuhi na kusema yanatosha. Nikafungua mdomo, nikasema kwa Kiingereza, "Mwalimu alikuwa amefunga. Mimi nilikuwa nimekula."

Sami akamtazama mama yake. Katibu akauliza, "Amefunga saumu gani?" Nikajua sasa waziri atacheka na kusema ni uzee. Hakucheka. Alimweleza katibu wake yote, kwa Kiingereza, ili na watu wangu wasikie. Ramadhani, njaa, alivyozimia, nani aliyeishusha ndege, aliyoyasema mbele ya wakubwa, na ile wiki. Hakujipunguzia kitu. Hata niliyoyasahau mimi alikuwa nayo, kwamba niliposimamisha ndege nilimpangusa uso kwa leso yangu na kumwita jina lake.

Kisha akamgeukia mpiga picha akamwambia afute.

Mpiga picha akafuta mbele yetu. Katibu alikuwa ametoka jasho, na kiyoyozi kinafanya kazi. Sami kanieleza baadaye kuwa wapiga kura wa waziri si watu wa kufurahi wakisikia mtu wao alifunga Ramadhani na Waislamu. Jambo jema kuliko yote ninayoyajua kwake, na hawezi kulitaja kwao.

Akaniuliza kwa Kiarabu kama nimemsamehe. Nikamwambia, "Kunywa kahawa." Nna hasira naye, dada, na nampenda. Sikuweza kumpa moja bila ya nyingine, kwa hiyo nikampa kahawa. Akanywa. Ghadeer akaleta udi, wakafukizwa, wakaaga. Mlangoni aliniambia amekihadithia kisa kile mara nyingi hata anakiona, anaiona mikono yake kwenye usukani. Nilimwamini.

Jana Sami kanionesha video mpya. Mkutano mwingine, kisa kilekile, injini inawaka vilevile. Amebadilisha kidogo tu. Mwanafunzi halii tena.

Atheer ameacha kuniita lile jina, sijui nani kamkataza. Siku ya pili Jawaher akasema, "Ungenambia miye." Sami anakuja kila jioni, anakaa, anataka kusema kitu, anauliza kuhusu mafuta ya gari.

Basi ndio hivyo. Nimesema, na hapana kilichobaki cha kuonesha kuwa nimesema.

Nduguyo,
Marhoon


Kikwajuni, Unguja
2 Januari 2026

Ndugu yangu Marhoon,

Wa alaikum salaam. Hatujambo, goti ni lilelile. Nimemsomea Yazid barua yako, nilipofika kwenye "afute" akavua tai akaitupa kitandani. Nimemwita na jirani nikamsomea. Utanisamehe, na usiponisamehe ni sawa pia, nitamsomea na shoga yangu Mwanamize atakapokuja.

Umenieleza kahawa, umenieleza udi, umenieleza nywele za waziri. Katika ile barua ya Novemba umeandika, "Nikaishusha ndege." Maneno mawili. Miaka yote hii nilikuwa nikiambiwa ndugu yangu alishindwa, sasa naambiwa aliweza, nami sijui hata aliweza vipi. Ulikuwa peke yako na mtu aliyezimia.

Uliishusha vipi? Anza mwanzo. Mimi sijui ndege, nieleze taratibu, na usiruke kitu. Mwite na Sami akae hapo ukiandika, hilo ndilo analotaka kukuuliza.

Dada yako,
Hamdiya


Hail, Maskati
20 Januari 2026

Dada yangu Hamdiya,

Assalamu alaikum. Jawaher na Ghadeer hawajambo. Sami yuko hapa, kaketi ukingoni mwa kochi, ananiambia niandike wazi.

Ndege zile viti vilikuwa ubavu kwa ubavu, mwanafunzi kushoto, mwalimu kulia. Alipozimia alilala mbele juu ya usukani wake, na usukani wake na wangu ni kitu kimoja, kwa hiyo ndege ikainamisha pua, nikaona bahari pale ambapo ilikuwepo mbingu. Nilimvuta kwa bega nikamkaza mkanda mpaka akakaa. Kila nilipopinda kulia kichwa chake kiliangukia dirishani, nikipinda kushoto kilinilalia begani. Nikaamua kupinda kushoto tu, ingawa njia ilikuwa ndefu zaidi.

Nikawaambia watu wa chini kuwa tunarudi mapema, kiyoyozi kimeharibika, nisimwaibishe mwalimu wangu. Sauti yangu ilikuwa ya kawaida, nakumbuka niliisikia nikaistaajabia. Niliogopa, Hamdiya. Si kama alivyosema yeye, lakini niliogopa. Nilishusha magurudumu, nikasubiri taa tatu za kijani za kuonesha kuwa yametoka, zikawaka. Nikashusha vibawa, vile vidogo vya nyuma ya mbawa. Nikapunguza mwendo kama alivyonifundisha, na nilikuwa nikiyasema maneno yake kwa sauti, kama kwamba ananisikiliza. Upepo ulitoka baharini, ukanisukuma kidogo kando ya mstari. Nikarudi kwenye mstari. Hakuna aliyeniambia nirudi, nilirudi mwenyewe.

Sami ananiuliza kama nilifumba macho. Nimemwambia hapana, yalikuwa wazi, na niliona kila kitu, mpaka rangi iliyobanduka kwenye mstari mweupe. Nikanyanyua pua polepole, nikangoja, nikaendelea kungoja, na huo ndio ugumu wa kazi ile yote, kungoja.

Magurudumu yaligusa ardhi mara moja tu, yakatulia. Mwalimu mwenyewe, dada, siku zote alikuwa akigusa mara mbili.

Nduguyo,
Marhoon